Mama wa Ufagio na Watu Wengine wa Gordon Parks



Nimeombwa nizungumze juu ya picha za maisha ya kila siku. Mada ni pana, kwa hiyo nimeamua kuipitisha kwa mtu mmoja: Gordon Parks, Mmarekani Mweusi, mpiga picha na mtengenezaji wa filamu ambaye hakusomea kazi hiyo katika darasa lolote. Wengi wanamtaja kama mfano wa mtu aliyejifundisha kamera akafika mbali. Hilo ni kweli, lakini kamera aliimudu upesi. Kilichomchukua miaka ni kujua namna ya kukaa na mtu kabla ya kumpiga picha, na namna ya kubeba yanayompata mtu huyo baada ya picha kutoka. Hapo ndipo ninapotaka tutulie leo.

Alizaliwa tarehe 30 Novemba 1912 katika mji mdogo wa Fort Scott, jimbo la Kansas, akiwa kitinda mimba katika familia ya watoto 15. Shule ya msingi alisoma na watoto Weusi watupu. Katika sekondari alichanganyika na Wazungu, na mwalimu mmoja akawaambia Weusi wasihangaike na chuo, kwani mwisho wao ni kubeba mizigo ya watu na kufanya kazi za ndani. Alipokuwa na miaka kama 15 mama yake akafariki, naye akapelekwa kwa dada yake mjini St. Paul, jimbo la Minnesota. Shemeji yake akamtimua nyumbani katikati ya majira ya baridi. Kijana yule alilala usiku ndani ya tramu, akienda St. Paul na kurudi Minneapolis, kwa kuwa humo kulikuwa na joto. Sekondari hakuimaliza. Alipiga piano kwenye madanguro, akasafisha meza hotelini, kisha akawa mhudumu katika mabehewa ya chakula ya treni.

Ni kwenye treni hiyo alikookota jarida lililoachwa na abiria. Ndani yake mlikuwa na picha za familia za wakulima waliofukuzwa na ukame na madeni, wakihamahama kutafuta vibarua. Zilipigwa na watu walioajiriwa na idara moja ya serikali, Farm Security Administration, miongoni mwao Dorothea Lange na Arthur Rothstein. Parks alizitazama tena na tena. Muda si mrefu, treni iliposimama Seattle, aliingia duka la vitu vya rehani akanunua kamera aina ya Voigtländer Brilliant kwa dola saba na nusu. Alikuwa na umri wa miaka 25 hivi, ana mke na watoto.

Mikanda ya kwanza aliipeleka kusafishwa kwenye duka la Kodak mjini Minneapolis. Wenye duka wakampongeza, na baadaye wakazitundika picha zake dirishani. Kisha alijitosa kuomba kazi ya kupiga picha za mitindo katika duka la nguo za wanawake, akapewa. Alipozisafisha picha za siku ile alikuta karibu zote amezipiga mbili mbili juu ya kipande kimoja cha filamu, zimeharibika. Moja tu ilisalimika. Akaikuza hiyo moja, akaipeleka, mwenye duka akaipenda, akamruhusu arudie zilizobaki. Marva Louis, mke wa bondia Joe Louis, aliziona picha hizo akamshauri ahamie Chicago. Kule Parks aliwapiga picha mabibi wenye uwezo ili apate chakula cha watoto, na wakati uliobaki akazunguka mitaa ya Weusi ya South Side. Picha za mitaa hiyo ndizo zilizompatia ufadhili wa Mfuko wa Julius Rosenwald, na kwa ufadhili huo mwaka 1942 akaenda Washington kufanya kazi katika idara ileile ambayo picha zake alikuwa amezitazama ndani ya treni.

Sasa niende polepole, kwa sababu Washington ndipo Parks alipopata somo ambalo kamera isingeweza kumpa.

Mkuu wa kitengo cha picha alikuwa Roy Stryker. Siku ya kwanza alimwambia Parks aziache kamera zake ofisini, atoke akale, akanunue koti, akatazame sinema. Parks alitoka. Mkahawani wakakataa kumhudumia mezani. Dukani wakamzungusha bila kumuuzia koti. Kwenye sinema wakamzuia mlangoni. Haya yalikuwa makao makuu ya nchi iliyokuwa vitani ikisema inapigania uhuru wa dunia. Akarudi ofisini moyo unachemka, anataka kamera zake ili akawapige picha wabaguzi wale wote. Stryker akamweleza kwamba ukimpiga picha mbaguzi, utapata sura ya mtu tu; anaweza kuonekana mwema kuliko watu wote. Akamwelekeza kwa mama mmoja Mweusi aliyekuwa akisafisha jengo lile jioni, akamwambia nenda kazungumze naye.

Mama huyo aliitwa Ella Watson. Parks alimweleza nia yake, akamuuliza maisha yake, akasikiliza. Baba yake mama huyu aliuawa na genge la Wazungu. Mumewe alipigwa risasi akafa. Alikuwa akiwalea wajukuu pamoja na binti wa kulea. Alikuwa mtumishi wa serikali kwa miaka 26, na mshahara wake wa dola 1,080 kwa mwaka ulilisha watu sita.

Baada ya mazungumzo hayo Parks alimsimamisha mbele ya bendera ya Marekani iliyoning'inia ukutani, ufagio mkononi na dekio kando yake, amevaa gauni lake la kazi lenye madoadoa. Mama anaitazama kamera usoni, hacheki wala halii. Ndiyo picha iliyokuja kuitwa *American Gothic*, jina la mchoro maarufu wa Grant Wood wa mwaka 1930, unaoonyesha mwanamume wa shamba akiwa na uma wa nyasi na mwanamke kando yake. Stryker alipoiona alihofia kwamba ingewaponza wote kazi.

Wengi wenu mnaijua picha hiyo. Imechapishwa kwenye vitabu, kadi na mabango. Mimi ninaiheshimu, lakini sikubaliani na wanaoishia hapo. Picha ile ni hoja. Parks aliipanga mwenyewe, akiwa bado na hasira ya koti na sinema. Ni hoja yenye nguvu, na mtu aliyedhulumiwa ana haki ya kuitoa. Lakini maisha ya kila siku ya Ella Watson hayamo humo. Yamo katika zile nyingine ambazo watu hawazitundiki ukutani, maana Stryker alimwambia Parks aendelee na mama huyo, naye akaendelea. Alimfuata kwa wiki kadhaa, akapiga picha zaidi ya 80. Alimpiga akitoka nyumbani kwenda kazini saa kumi na nusu alasiri, wakati watumishi wengine wa serikali wanajiandaa kurudi makwao. Alimpiga akifagia ofisi tupu usiku, akiwa na wajukuu mezani, akinunua chakula dukani, na akipokea upako katika kanisa lake dogo kutoka kwa mchungaji mwanamke.

Mojawapo ya picha hizo huwa naitazama kwa muda mrefu kuliko ile ya bendera. Ni ya chumbani kwake. Upande mmoja ameketi binti wa kulea, karibu na meza ya kujipambia yenye kioo, na juu ya meza hiyo imesimamishwa picha ya zamani ya mume na mke waliovaa vizuri. Upande wa pili, kupitia mlango ulio wazi, unamwona Mama Watson jikoni akiwa na wajukuu. Vizazi vinne vimeingia katika picha moja, na hakuna aliyeambiwa ashike ufagio. Nyumba ni ndogo, vitu ni vya kimaskini, na vimepangwa kwa utaratibu wa mtu anayeheshimu nyumba yake. Picha kama hiyo huipati mlangoni. Lazima uwe umekaribishwa ndani, ukaketi, watoto wakakuzoea.

Nawaomba pia mtazame maneno yaliyoandikwa chini ya picha zile. Leo zimehifadhiwa katika Maktaba ya Bunge la Marekani, na mtu yeyote anaweza kuzitazama bure. Maelezo yake yana jina la mama, kazi yake, mshahara wake, miaka aliyotumikia, jina la kanisa na hata jina la mchungaji. Sisi hapa tuna mazoea ya kuandika "mama ntilie akiwa kazini" au "mkazi wa Tandale akichota maji" na kuridhika. Mhariri akipewa picha ya waziri hatakubali iandikwe "kiongozi akikata utepe". Kwa nini basi mama anayekaanga vitumbua hastahili jina lake?

Mwaka 1948 Parks alipeleka katika jarida la *Life* picha za kijana wa miaka 17, kiongozi wa genge la mtaa wa Harlem, New York. Alikuwa amekaa naye wiki nyingi, amepiga mamia ya picha, na nyingine zilimwonyesha kijana huyo nyumbani kwa mama yake na akiwa na wadogo zake. Jarida lilichapisha 21, na wahariri walielemea upande wa ngumi, silaha na giza. Baadhi ya picha walizikata kingo na kuzitia weusi zaidi. Utulivu wa nyumbani ukapungua, vitisho vikaongezeka. Habari hiyo ndiyo iliyomfungulia Parks mlango wa ajira, akawa mpiga picha Mweusi wa kwanza katika wafanyakazi wa kudumu wa *Life*. Kwa hiyo aliingia kazini akijua kwamba anayebofya kamera na anayechagua picha ni watu wawili, na wa pili ana nguvu zaidi.

Somo hilo lilimrudia mwaka 1950 kwa namna iliyomuuma. Jarida lilimtuma apige picha juu ya shule za ubaguzi, naye akaamua kurudi Fort Scott kuwatafuta wanafunzi wenzake wa darasa la mwaka 1927 katika ile shule ya Weusi. Wengi walikuwa wamehama. Akawafuata Kansas City, St. Louis, Columbus, Detroit na Chicago, nyumba moja baada ya nyingine. Akawapiga picha barazani, sebuleni, na wake, waume na watoto wao. Mwanamume na mkewe wanatoka kanisani. Mwingine amesimama kizingitini akiwa amekumbatia mwanawe. Hakuna damu wala bastola. Ni watu wazima waliotoka darasa moja, kila mmoja na alichokipata na alichonyimwa.

*Life* haikuzichapisha. Ziliahirishwa, habari nyingine zikachukua nafasi, zikakaa kabatini. Umma ulikuja kuziona kama mkusanyiko kamili mwaka 2015, katika maonyesho ya Makumbusho ya Sanaa ya Boston, miaka tisa baada ya Parks kufariki. Kwangu mimi hiyo ndiyo kazi yake bora kuliko zote. Mtu aliyetumwa kutafuta tatizo alikwenda kuwasalimu aliosoma nao, na salamu hizo zikaeleza tatizo kuliko takwimu zozote.

Mwaka 1956 alikwenda Alabama kupiga picha za ubaguzi kwa rangi kamili, wakati wapiga picha wengi wa habari za aina hiyo walikuwa wakitumia nyeusi na nyeupe. Mnaikumbuka ile ya mji wa Mobile: mwanamke kijana aliyevaa gauni zuri la samawati hafifu, amesimama nje ya duka na mtoto wa kike, na juu yao bango la taa linaelekeza mlango wa Weusi. Miaka mingi baadaye mwanamke huyo alieleza kwamba mtoto alikuwa ni mpwa wake, alisikia harufu ya bisi akazitaka, naye hakutaka kumpitisha mtoto kwenye mlango ule. Alikuwa akiwaza wapi atampatia bisi. Alijutia pia kwamba mkanda wa nguo yake ya ndani ulikuwa umeteleza begani na hakuna aliyemwambia, kwa kuwa alikuwa mtu wa kuvaa nadhifu. Ubaguzi ulimkuta mtu huyo katikati ya shughuli zake, akitaka kumfurahisha mtoto, na huo ndio ubaguzi wa kila siku.

Mfululizo huohuo uliwagharimu watu. Mwalimu mmoja wa kijijini aliyezungumza waziwazi katika habari ile alipoteza kazi, na familia yake ikalazimika kuhama. Jarida lilitoa fedha kuwasaidia kuanza upya kwingine. Slaidi zenyewe zilidhaniwa zimepotea, hadi mwaka 2012 zilipopatikana ndani ya boksi, kati ya vitu alivyoviacha Parks.

Sasa nizungumzie filamu. Mwaka 1961 *Life* ilimtuma Parks mjini Rio de Janeiro kupiga picha za umaskini. Katika kitongoji cha Catacumba, kilichojengwa mlimani kwa mbao na mabati, alikutana na mtoto wa miaka 12 aitwaye Flávio da Silva. Baba alikuwa akiuza mafuta ya taa, mama akifua nguo za watu. Flávio ndiye aliyekuwa akipika wali na maharage, akiosha na kulisha wadogo zake, akichota maji na kuyapandisha mlimani, huku anakohoa kwa pumu iliyokuwa ikimmaliza. Daktari alimwambia Parks kwamba hana muda mrefu wa kuishi.

Picha zilipotoka, wasomaji walituma karibu dola 30,000. Hospitali moja ya Denver ikajitolea kumtibu bure. Flávio akapelekwa Marekani akakaa miaka miwili, akapona, akarudi. Familia yake ilinunuliwa nyumba. Mwaka 1964 Parks akatengeneza *Flavio*, filamu fupi ya dakika kama 12 na ya kwanza kuiongoza, akirudia siku moja katika maisha ya mtoto yule: moto, sufuria, wadogo zake, kikohozi. Nawashauri sana mwitafute. Kamera iko chini, kimo cha mtoto, na mlima unaonekana mrefu jinsi anavyouona yeye.

Lakini tusifunike upande wa pili. Jarida la Brazil, *O Cruzeiro*, lilikasirika, likamtuma mpiga picha wake New York akaleta picha za familia maskini ya Wapuerto Rico, kuonyesha kwamba uchafu na njaa havikosekani kwa mwenye kunyooshea wenzake kidole. Wabrazili walikuwa na hoja. Mtoto mmoja aliondolewa mlimani, na wenzake wakabaki palepale. Flávio mwenyewe, Parks alipomtembelea mwaka 1976, alikuwa mtu mzima mwenye mke na watoto, na bado alitamani kurudi Marekani. Yeye alikuwa ameonjeshwa maisha ambayo hakuna aliyepanga kumpa moja kwa moja. Hata hivyo siungi mkono wanaosema Parks angeacha. Mtoto alikuwa anakufa mbele yake. Ninachokipima ni kwamba alirudi baada ya miaka 15, akauliza hali, akaandika kitabu kizima cha kueleza yaliyofuata pamoja na yale yasiyompendeza.

Mwishoni mwa mwaka 1967, baada ya ghasia katika miji mingi ya Marekani, Parks aliingia katika nyumba ya familia moja ya Harlem yenye watoto wengi, chumba cha baridi, baba asiye na kazi. Alikaa nao kwa muda kabla ya kuitoa kamera. Picha zilichapishwa Machi 1968, na mwaka huohuo zikatengenezewa filamu ya makala, *Diary of a Harlem Family*, ambayo sauti inayosimulia ni ya Parks mwenyewe. Anasoma polepole, hapandishi sauti, anataja baridi na njaa kama mtu anayesoma barua ya nyumbani. Jarida liliisaidia familia hiyo kupata nyumba eneo la Queens. Haukupita muda mrefu nyumba ikaungua, baba na mtoto mmoja wa kiume wakafa. Parks aliishi na jambo hilo, na hakuacha kulisimulia.

Alirudi pia Fort Scott na kikosi kizima cha sinema kutengeneza *The Learning Tree*, filamu iliyotoka mwaka 1969, kutokana na riwaya yake mwenyewe. Alikuwa mtu Mweusi wa kwanza kuongoza filamu ya studio kubwa ya Hollywood, na humo aliandika, akaongoza na kutunga muziki. Yote hayo pia hakuyasomea. Alifariki New York tarehe 7 Machi 2006, akazikwa Fort Scott, katika mji uliomwambia atabeba mizigo.

Vijana, najua wengi wenu hamkupitia chuo. Mmejifundisha kwa simu, kwa video za mtandaoni, kwa kumfuata fundi wa harusi na kumshikia taa. Kwa hilo hamna cha kuonea aibu. Ninaloomba ni hili: mkimpiga picha muuza kahawa, kuli wa bandarini au fundi viatu, muulizeni jina lake na mliandike siku hiyohiyo, mumpelekee nakala, na mkirudi mtaa ule mpiteni mumjulie hali. Nanyi wenye studio za zamani, mlio na maboksi ya negativu chini ya vitanda, msiyatupe na msiyachome. Yawekeni pakavu, andikeni juu yake mwaka na mtaa, waiteni wazee wawataje waliomo wakati wazee hao bado wapo.